Kamera inunuliwe mwisho

Mhariri,

Tunaomba nafasi katika ukurasa wako wa barua. Kila msimu wa watalii unapokaribia, Arusha na Moshi huanza jambo lilelile: kijana anauza bodaboda, mama anakopa kikoba, kwa wengine hata kihamba, shamba la ukoo, kinawekwa rehani, ili inunuliwe kamera. Kijana ameambiwa kwamba ikishapatikana kamera, hoteli, kampuni za utalii na maharusi watamfuata wenyewe. Sisi tunaoishi kwa kazi hii, tunaoshuti, kuongoza, kunasa sauti na kuhariri kwa mikono ileile, tunawaambia wazazi: kamera inunuliwe mwisho. Kamera hukodishwa kwa siku, kama viti na maturubai. Kinachomweka mtu kazini miaka kumi hakikodishwi, na wengi hawakisikii hadi wameshaharibu kazi ya kwanza.

Tuanze na sauti, kwani huko ndiko kazi nyingi zinakofia. Mtazamaji huvumilia picha yenye giza kidogo, lakini mtu anayesikika kama yuko ndani ya pipa havumiliki hata dakika moja. Tatizo la maiki iliyo juu ya kamera ni umbali. Kila umbali kati ya mdomo na maiki unapoongezeka mara mbili, sauti ya msemaji hushuka kwa desibeli 6 (desibeli ni kipimo cha nguvu ya sauti), ilhali mwangwi wa kuta unabaki palepale. Mtu aliye mita 2 kutoka kwenye kamera, ukimbandika maiki sentimita 20 chini ya kidevu, unapata sauti yake kwa desibeli 20 zaidi. Hakuna kamera ya mamilioni inayokupa hizo 20.

Chukua kazi ya kawaida kabisa: mahojiano na mzee nyumbani kwake, Kibosho au Ngaramtoni, nyumba ya bati isiyo na dari. Kuanzia saa nne bati hupata joto, linatanuka, misumari inalishika, linaanza kulia ta, ta. Wingu likipita linasinyaa na kulia tena. Mvua ikianza, fungasha, hakuna maiki inayoshinda mvua juu ya bati. Kwa hiyo mahojiano ya ndani yapangwe saa moja hadi saa tatu asubuhi, jogoo na bodaboda wa wakati huo wanavumilika, unasubiri wapite. Shikamoo na chai kwanza, vyombo vibaki kwenye gari. Kisha friji izimwe, na funguo za gari ziwekwe ndani yake, hutaweza kuondoka ukaacha nyama ya watu ikioza.

Mzee akae kama mita moja na nusu kutoka dirishani, uso umegeukia mwanga nusu, mgongo uwe mbali na ukuta mita 2 chumba kikiruhusu. Taa ya ndani izimwe. Kwa kipimo cha rangi ya mwanga, mwanga wa mchana ni kama Kelvini 5,600, balbu ya njano ni kama 3,000, na shavu moja likishakuwa la bluu na jingine la chungwa, mhariri hana dawa ya kuyapatanisha. Usimkalishe mbele ya ukuta mweupe wala mlango ulio wazi: kamera iliyoachiwa ijiamulie yenyewe hupima ule weupe, inapunguza mwanga, na uso wa mzee unabaki kivuli. Ngozi nyeusi hupendeza kwa mwanga mpana unaoteleza kandokando ya uso. Rifleka, yaani kitambaa cha kurudishia mwanga, ya sentimita 110, au hata shuka jeupe upande wa pili, inatosha kufungua jicho lililo gizani. Kamera iwe usawa wa macho yake. Ukiwa umesimama naye ameketi, picha itamdogosha, na wajukuu wataona hivyo hata kama hawajui kwa nini.

Sauti ipimwe akiwa anaongea kwa nguvu yake ya kawaida, si kwa "moja, mbili, tatu". Rekodi kwa kilohezi 48 na biti 24, vilele vikomee karibu na desibeli -12 kwenye kipimo cha kirekodi, visiguse 0 kamwe, hapo sauti hupasuka. Vaa hedifoni zinazofunika sikio zima mwanzo hadi mwisho. Anayetazama mshale tu bila kusikiliza hatajua kwamba waya unakwaruza kwenye shati lenye wanga. Mwombe mzee aingize swali ndani ya jibu, aseme "kahawa ya kwanza tulipanda baada ya...", kwani sauti yako itakatwa. Akimaliza kusema usirukie. Hesabu hadi tatu, maana maneno mazuri mara nyingi huja baada ya ile kimya. Mwisho kabisa, watu wote wanyamaze, rekodi sekunde 60 za chumba kikiwa kimya. Utazihitaji kuziba mashimo wakati wa kuhariri.

Kama alizungumza Kimaasai au Kichaga, tafsiri iandikwe wiki hiyohiyo, pamoja na dakika na sekunde za kila sentensi, na mtu wa huko huko. Kichaga cha Machame si cha Rombo. Bila karatasi hiyo mhariri hukata sentensi katikati ya kitenzi, na filamu ikionyeshwa kijijini watu wanacheka pasipotakiwa.

Kuna jambo la kaskazini ambalo mafunzo ya mtandaoni hayalitaji: shanga na shuka. Maiki ya kubana ikiwekwa kifuani kwa mama wa Kimaasai aliyevaa shanga pana za shingoni, kila akivuta pumzi zinagonga. Hapo tumia maiki ndefu kwenye fimbo, juu ya kichwa, sentimita 50 hivi, nje kidogo ya fremu. Kwa mwanamume, bandika kwenye fundo la shuka begani, na waya ukunjwe kitanzi kimoja ili ukivutwa usivute maiki. Nje, ule sponji mweusi unaouzwa pamoja na maiki hauzuii upepo wa uwandani. Unahitaji soksi ya manyoya.

Shuka jekundu nalo lina mtego wake. Kamera inapokadiria mwangaza, rangi nyekundu huchangia kama asilimia 21 tu ya hesabu, kijani ndiyo inayobeba sehemu kubwa. Ndiyo maana kipimo kinaweza kuonyesha kwamba mambo ni salama wakati nyekundu peke yake imeshafurika, mikunjo ya kitambaa imepotea, shuka limebaki doa moja kama rangi ya kopo. Tazama grafu ya rangi tatu zikiwa zimetenganishwa, si ile ya mwangaza peke yake, na punguza mwanga hadi mikunjo irudi. Kama kamera inaruhusu biti 10 na 4:2:2, itumie. Biti 8 na 4:2:0 huhifadhi rangi kwa uchache, na ukingo wa shuka mbele ya nyasi hutoka kama ngazi.

Mchana porini, kwa ISO 100 (wepesi wa kamera kuhisi mwanga) na shata (muda wa kila fremu kupokea mwanga) ya 1/50 ya sekunde, lenzi inadai f/22, tundu dogo sana. Ukitaka f/2.8, tundu kubwa, ili nyuma kulainike, lazima uondoe hatua 6 za mwanga, kila hatua ikiupunguza nusu, yaani kichujio cheusi cha ND64. Kamera nyingi za kazi za kulipwa, kwenye hali ya logi (picha iliyofifishwa ili rangi zirekebishwe wakati wa kuhariri), huanzia ISO 800, hizo ni hatua 3 zaidi, ND512. Asiye na kichujio hupandisha shata hadi 1/2000, na morani wanaoruka wanatoka wakikatikakatika kama karatasi zinazopeperushwa. Vile vichujio vya kuzungusha ni rahisi kubeba, ila vya bei ya chini, vikizungushwa karibu na mwisho kwenye lenzi pana, huchora msalaba mweusi angani. Na kwa lenzi ndefu, kufikia katikati ya asubuhi joto la ardhi huifanya picha icheze kama maji. Hakuna kitufe cha kuondoa hilo, kinachosaidia ni kukaribia au kurudi kesho alfajiri. Zima injini ya gari kabla ya kushuti, na badala ya tripodi weka mfuko wa maharage kilo 3 kwenye ukingo wa paa.

Tuje ukumbini, maana Moshi mwezi Desemba, Wachaga wanaporudi nyumbani, harusi, ubatizo na kipaimara ndizo zinazolipa ada za Januari. Tusizidharau. Mtu anayeweza kushuti harusi bila kukosa kitu anaweza kushuti chochote, kwa sababu pete haivalishwi mara ya pili. Umeme wetu ni wa hezi 50, kwa hiyo taa nyingi huwaka na kufifia mara 100 kwa sekunde. Kwa shata ya 1/50 kila fremu inabeba mapigo mawili kamili na picha inatulia. Kwa 1/60 inabeba moja na ushee, kila fremu na ushee wake, na picha inapepesa. Simu na kamera nyingi hutoka dukani zikiwa kwenye fremu 30 kwa sekunde. Badili kuwa 25, shata 1/50. Taa za DJ zina mwendo wao na zinaweza kuchora mistari hata hivyo, basi ongea na fundi wa taa kabla ya wageni, umwombe apandishe mwangaza wakati ndafu inaingia. Wakati huo kuna MC, muziki, vigelegele na simu mia za wageni, na maiki zisizo na waya za gigahezi 2.4 hukatika. Chukua waya kutoka kwenye mikisa ya ukumbi, na kirekodi kidogo kiwe mfukoni kwa bwana harusi. Hapa ndipo mtu mmoja anaposhindwa. Mahojiano ya mtu mmoja unayaweza peke yako, umati huuwezi. Lipa msaidizi.

Baada ya kazi, kadi. Megabiti 100 kwa sekunde ni megabaiti 12.5, sawa na gigabaiti 45 kwa saa, hivyo kadi ya gigabaiti 128 haifiki saa tatu. Ukipanda hadi megabiti 400 unahitaji megabaiti 50 kila sekunde, na kadi yenye alama ya V30 inaahidi 30 tu. Itasimama katikati ya kiapo. Hapo chukua V60. Kuna pia kadi bandia: ganda linasema 256, ndani ni 32, inapokea faili zote bila kulalamika na baadaye unakuta majina matupu. Kadi mpya ijazwe nyumbani hadi pomoni kisha isomwe yote. Programu ya bure ya H2testw hufanya kazi hiyo.

Usiku uleule nakili kwenye diski mbili, kwa programu inayolinganisha faili moja moja, sio kuburuta na kwenda kulala. Fungua klipu ya kwanza, ya katikati na ya mwisho. Diski moja ilale kwingine, na kadi isifutwe hadi nakala mbili zimethibitishwa, tena ifutwe ndani ya kamera, si kwenye kompyuta. Usitumie zile diski kubwa zinazochomekwa ukutani. Umeme ukikatika kompyuta inaendelea kwa betri yake lakini diski inazima katikati ya kuandika, na faili zote zinaweza kuwa taabani. Tumia zinazokula umeme wa USB. Umeme unaporudi huja kwa kishindo, basi chaja ziwe nyuma ya kilinda-umeme, kama friji.

Vumbi letu ni jepesi na linaingia kila mahali. Lenzi ibadilishwe ndani ya gari, vioo vimepandishwa na injini imezimwa, uso wa kamera ukiangalia chini. Usipulize kwa mdomo, mate ni mabaya kuliko vumbi. Masika, ukungu huota ndani ya lenzi zilizofungiwa kabatini, na ukishauma kioo hautoki. Boksi la plastiki lenye mfuniko wa kubana na vipakiti vya silika ni dawa rahisi. Aliyepanda Kilimanjaro anajua betri hunywea kwa baridi, hivyo zilale ndani ya begi la kulalia. Anaposhuka, kamera ifungwe kwenye mfuko wa plastiki kabla ya kuingia chumba chenye joto, ili umande utue juu ya plastiki na sio ndani ya lenzi.

Kuhusu mtu mmoja kufanya mengi, kaskazini yetu ina historia yake. Mjerumani Michael Grzimek aliendesha ndege mwenyewe juu ya Serengeti, akahesabu wanyama na kupiga filamu, hadi ndege ilipogonga tai ikaanguka, naye akafa, Januari 1959. Miongoni mwa waliokuwa nyuma ya kamera za filamu ile, Serengeti Shall Not Die, ni Alan Root, mpiga filamu za wanyama, na filamu ikapata Oscar. Hugo van Lawick, naye mpiga filamu za wanyama, aliishi Ndutu miaka mingi akishuti kutoka kwenye gari. Hao walikuwa na fedha za nje, ndiyo. Lakini hata wao walijenga kazi juu ya kukaa mahali pamoja kwa muda mrefu, na hiyo ndiyo mali ambayo kijana wa Karatu au Himo anayo tayari bila mkopo.

Njia ya kawaida kwetu ni hii: mwaka wa kwanza na wa pili unabeba nyaya, unaandika namba za kadi, unashika fimbo ya maiki. Huko ndiko unakojifunza kwa nini mambo huharibika. Baadaye unakuwa kamera ya pili kwa timu za nje, halafu unapewa kazi ndogo zako: video ya hoteli, ripoti ya shirika, ibada. Januari na Februari nyumbu wanazaa Ndutu, Julai hadi Septemba kuna wageni na mto Mara, Desemba harusi. Aprili na Mei hakuna kitu, mvua tu, na miezi hiyo ndiyo ya kuhariri filamu yako mwenyewe, ile isiyolipwa na mtu. Anayefanya aina moja tu ya kazi hufa njaa miezi minne.

Bei sasa, ambapo wengi hujichinja wenyewe. Tuseme kamera ni shilingi milioni 6, itatumika miaka 3, siku 100 za kazi kwa mwaka. Kamera peke yake inakula shilingi 20,000 kila siku kabla hujalipa nauli wala chakula. Ongeza lenzi, diski, kompyuta. Kisha kumbuka siku moja ya kushuti huzaa siku mbili au tatu za kuhariri. Anayetoza siku ya kamera tu amefanya kazi siku mbili au tatu bure. Mkataba uandikwe hata kama ni ukurasa mmoja: nusu kabla ya kushuti, asilimia 30 rasimu ya kwanza ikionekana, 20 kabla ya kukabidhi faili safi. Marekebisho awamu mbili, ya tatu yanalipiwa. Andika nani anamiliki klipu ghafi, kwani ugomvi mkubwa huzukia hapo. Kampuni ikikukata kodi ya zuio ya asilimia 5, dai cheti chake. Bila cheti ni kama hukulipa.

Vibali kwa ufupi. Filamu inahitaji kibali cha Bodi ya Filamu. Kibali cha TANAPA, wasimamizi wa hifadhi za taifa, hakitumiki Ngorongoro, kule ni mamlaka nyingine. Droni ina utaratibu wake wa Mamlaka ya Usafiri wa Anga, na hifadhini hairushwi kwa sababu tu inaingia kwenye begi. Anza wiki kadhaa kabla. Mteja anayesema "njoo kesho" mwambie kesho ni ya mjini tu.

Kwa hiyo, mzazi mwenye fedha kidogo, mnunulie kijana hedifoni, maiki moja ya fimbo na soksi yake, kirekodi, maiki mbili za kubana, tripodi yenye kichwa kinachoteleza bila kukwama, rifleka na diski mbili. Kamera akodi, kila mara aina tofauti, hadi kazi zenyewe zimwonyeshe ipi inamfaa.

Na ninyi mnaotuita, wenye hoteli, mashirika, makanisa, kabla ya kuuliza bei tuandikieni mambo manne: video itaonyeshwa wapi, ya dakika ngapi, nani atasema mwisho "imepita", na tarehe gani inahitajika. Hilo la tatu msilikwepe. Kazi yenye waamuzi sita hurudi mara sita, na kila mmoja anataka nembo iwe kubwa zaidi.

Ni sisi wapiga filamu wa kujitegemea,
Arusha na Moshi